Mlinzi wa Kazi ya Mwenziwe

"Kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza," walinena wahenga, na sisi tutungao mashairi tumeuegemea msemo huu kama mkongojo. Tunaziweka kazi zetu sandukuni, tukingoja zijiuze. Maisha ya Mjapani Toshio Suzuki yamenifanya niutazame upya. Yeye si mchoraji wala mwongozaji wa filamu. Ni mtayarishaji, mtu asimamaye nyuma ya kazi ya mwenziwe. Jina la Hayao Miyazaki, bingwa wa filamu za katuni, limevuma duniani. La Suzuki hulitaja wachache.

Suzuki alizaliwa Nagoya mwaka 1948, akasoma fasihi katika Chuo Kikuu cha Keio, na mwaka 1972 akaajiriwa na kampuni ya uchapishaji ya Tokuma Shoten, Tokyo. Alianzia katika gazeti la kila wiki. Mwaka 1978 kampuni ilipoanzisha Animage, jarida la filamu za katuni, naye akawa miongoni mwa waliolisimamisha, ingawa ujuzi wake wa fani hiyo ulikuwa haba. Kazi hiyo ndiyo iliyomkutanisha na Miyazaki na Isao Takahata.

Suzuki alipopeleka kwa wakuu wake wazo la filamu ya Miyazaki, walilikataa: hadithi isiyopata kuchapishwa nani ataitazama? Hakubishana nao. Alimpa Miyazaki kurasa za jarida, na mwaka 1982 Nausicaä ikaanza kutoka kwa mfululizo wa michoro. Wasomaji walipoipenda, ile hoja ya wakuu ikawa haina miguu. Filamu ilionyeshwa mwaka 1984, na mwaka uliofuata, kwa fedha za Tokuma Shoten, ikaasisiwa Studio Ghibli.

Werevu huohuo ulionekana tena katika filamu mbili ambazo wenye fedha waliziogopa: Jirani Yangu Totoro ya Miyazaki na Kaburi la Vimulimuli ya Takahata. Hadithi ya Takahata ilikuwa imetungwa na Akiyuki Nosaka na kuchapishwa na kampuni nyingine, Shinchosha. Suzuki akaona njia: Shinchosha igharimie filamu ya hadithi yake, Tokuma igharimie Totoro, na zote mbili zionyeshwe pamoja. Ndivyo ilivyokuwa Aprili 1988. Mwaka 1989 Suzuki akahamia Ghibli moja kwa moja.

Lakini kazi ya mtayarishaji haiishi kwenye fedha. Mwaka 1985 Nausicaä ilikuwa imetolewa Marekani kwa jina jingine, ikiwa imekatwa zaidi ya dakika ishirini. Msomaji wa mashairi hahitaji kuelezwa uchungu huo. Utenzi ukinyofolewa beti za katikati, vina huweza kubaki vilevile, ila maana imekwenda na maji. Kuanzia hapo Ghibli ikashika sharti moja: filamu zake zisikatwe. Basi Princess Mononoke ya mwaka 1997, iliyopita saa mbili, ilipotakiwa kupunguzwa Marekani, Suzuki alimpelekea Harvey Weinstein wa Miramax upanga wa Kijapani pamoja na agizo la maneno machache: usikate. Mwaka 1999 filamu ilitoka kamili. Wengi walidhani upanga ule aliutoa Miyazaki. Mwenyewe alisema ni mtayarishaji wake.

Spirited Away ya mwaka 2001 ilishinda Dubu wa Dhahabu mjini Berlin mwaka 2002 na Oscar mwaka 2003. Miaka yote hiyo Suzuki alikuwa hodari wa kutangaza: mabango, televisheni, maneno machache yenye kunata. Kisha, Julai 2023, filamu ya Miyazaki ambayo jina lake la Kijapani ni swali, Je, Ninyi Mtaishi Vipi?, ikatoka Japani bila tangazo la televisheni wala kionjo cha filamu. Suzuki aliruhusu bango moja tu, la ndege. Watu walijaa, na Machi 2024 ikapata Oscar.

Je, hapo kizuri kilijiuza? Ndiyo, lakini baada ya miaka arubaini ya mtu kukitembeza, kukitetea na kukiepusha na mkasi. Ukimya ule wa 2023 ulikuwa mavuno ya imani iliyopandwa zamani, na asiyepanda asiuige.

Lipo lililomshinda. Mrithi wa studio hakupatikana, na mwaka huohuo wa 2023 Ghibli ikawekwa chini ya kampuni ya televisheni ya Nippon TV. Mlinzi naye huzeeka. Nasi, ndugu wasomaji, tunaowasifu watunzi kwa majina yao, tuulize pia: ni nani aliyeihifadhi kazi hii hata ikatufikia nzima? Na zile zilizomo sandukuni mwetu, nani atazitoa, na nani atauzuia mkasi?