NENO 'MANAMBA': SAFARI YAKE KUTOKA MKONGENI HADI MLANGONI PA MATATU

Utangulizi

Wahenga walisema asiyejua maana haambiwi maana. Methali hii inawafaa sana walimu na watahiniwa wa Kiswahili kila wanapokumbana na maneno ya mtaani. Aghalabu neno la aina hiyo likijitokeza katika insha, kalamu nyekundu hulipigia mstari, pembeni huandikwa "Sheng", na mjadala huishia hapo. Hata hivyo, yapo maneno yasiyostahili kuhukumiwa kwa haraka hivyo. Mojawapo ni neno manamba.

Mwanafunzi wa Nairobi, Thika au Nakuru akiulizwa manamba ni nani, atajibu bila kusita kwamba ni yule kijana anayening'inia mlangoni pa matatu akiita abiria. Mwulize mzee wa Tanga swali hilo hilo, naye atakueleza habari za mashamba ya mkonge. Wote wawili wamesema kweli. Makala haya yanakusudia kuonyesha jinsi neno moja lilivyobeba maana hizo mbili na nyingine zaidi, kupima maelezo yanayotolewa kuhusu asili yake, na kueleza kwa nini historia hiyo ni muhimu kwa anayefundisha isimujamii na fasihi.

Umbo la neno

Tuanze na sarufi, kwa sababu ndiyo shahidi asiyesahau. Shina la neno hili ni namba, lililotokana na Kiingereza na ambalo mwenziwe katika Kiswahili sanifu ni nambari. Namba ni nomino ya ngeli ya I-ZI: namba hii imefutika, namba hizi zimefutika. Neno manamba limeongezewa kiambishi ma-.

Kiambishi hiki hutumika sana kuunda wingi wa majina ya kazi yaliyokopwa kutoka lugha nyingine: karani/makarani, dereva/madereva, kuli/makuli. Kwa hivyo, kimsingi, manamba ni wingi. Ni watu wengi ambao kila mmoja wao ni namba. Hapa kuna tamathali ya usemi iliyojificha ndani ya neno lenyewe: kitu kinachohusiana na mtu kinatumiwa kumwakilisha mtu mwenyewe. Hiyo ni taashira.

Hata hivyo, umoja haukuweza kuwa "namba yule", kwa kuwa namba tayari ni tarakimu. Matokeo yake ni kwamba umbo la wingi lilianza kufanya kazi ya umoja pia: manamba yule amefika, manamba wale wamefika. Ma- iliganda, na upatanisho ukawa wa ngeli ya A-WA.

Jambo hili si geni. Neno matatu lina kisa kinachofanana na hiki. Inaelezwa kwamba nauli ya magari hayo hapo zamani ilikuwa senti thelathini, yaani mapeni matatu ya senti kumi kumi. Jina "mapeni" likaachwa, kivumishi "matatu" kikabaki na kugeuka nomino. Leo tunasema matatu imefika, matatu zimefika, wala hakuna anayekumbuka kwamba ma- ile ilikuwa ya upatanisho. Manamba na matatu ni ndugu wa sarufi kabla ya kuwa ndugu wa barabarani.

Mkongeni Tanganyika

Mwaka 1893 Mjerumani Richard Hindorf aliingiza miche ya mkonge Afrika Mashariki kutoka Florida. Iliyosalia hai ilikuwa 62 tu, nayo ikapandwa karibu na Pangani. Kutokana na miche hiyo yalizuka mashamba makubwa ya Tanga, Morogoro na Lindi. Kufikia mwaka 1964 Tanganyika ilikuwa inazalisha zaidi ya tani 200,000 za mkonge kwa mwaka na kuongoza duniani.

Mashamba hayo yalihitaji mikono mingi. Kazi ya kukata majani yenye miiba kwenye jua kali, kuyafunga mafungu na kuyabeba hadi penye reli haikuwavutia wenyeji waliokuwa na mashamba yao. Kwa hivyo wafanyakazi walitafutwa mbali: Kigoma, Njombe, Songea, Ruanda-Urundi na hata Msumbiji. Mwaka 1944 wenye mashamba waliunda shirika la kuwaandikisha watu hao, lililojulikana kwa kifupi kama SILABU. Kila aliyeandikishwa alitia saini au dole gumba kwenye mkataba, akapewa namba, akapandishwa gari pamoja na wenzake na kusafirishwa hadi shambani. Hao ndio waliokuja kuitwa manamba.

Huko shambani maisha yaliendelea kuwa ya kuhesabiwa. Kadi ya kazi iliyoitwa kipande ilikuwa na nafasi za siku 30 za kazi. Siku ambayo mtu hakumaliza kazi aliyopimiwa haikuhesabiwa, hivyo "mwezi" wa kipande ungeweza kuwa mrefu kuliko mwezi wa kalenda, na mshahara ulingoja hadi kipande kijae. Jina la mtu, ukoo wake na kwao alikotoka havikuwa na nafasi kubwa katika mpango huo. Kilichotakiwa ni namba na idadi ya mafungu.

Haishangazi basi kwamba katika Kiswahili cha Tanzania neno hili lilipanuka. Likazaa nomino dhahania umanamba, yaani hali ya kutumikishwa kwa ujira mdogo bila kuwa na kauli. Mwanasiasa anayeonya kwamba wananchi watageuzwa manamba katika nchi yao wenyewe hazungumzii mkonge. Anazungumzia kupokonywa ardhi na heshima. Haya mashamba yalipodhoofika kutokana na ujio wa nyuzi za viwandani, neno halikufa pamoja nayo. Lilikuwa limekwisha kuwa sitiari.

Namba na kipande nchini Kenya

Kenya nayo iliujua uchungu wa kuhesabiwa. Sheria ya mwaka 1915, iliyoanza kutekelezwa kwa ukamilifu baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, ilimlazimu kila mwanamume Mwafrika aliyetimiza miaka 16 kubeba kipande. Cheti hicho kilikuwa na alama za vidole, nambari na maelezo ya mwajiri, na kilitiwa katika kikopo cha chuma kilichoning'inizwa shingoni. Aliyetoroka kazini alifuatwa kwa nambari yake. Kipande kilikuwa miongoni mwa malalamiko yaliyoongozwa na Harry Thuku, ambaye kukamatwa kwake Machi 1922 kulisababisha maandamano Nairobi na watu wengi kupigwa risasi, akiwemo Mary Muthoni Nyanjiru. Sheria hiyo ilibadilishwa mwaka 1947.

Aidha, mkonge ulilimwa Kenya pia: Thika, Mwatate na Vipingo ni mifano inayojulikana. Mpaka wa Tanga na Pwani ya Kenya haujawahi kuwazuia watu wala maneno yao. Kwa hivyo neno manamba lilipoingia Kenya halikukuta masikio mageni. Lilikuta jamii iliyokwisha kujua maana ya mtu kuwa nambari.

Mlangoni pa matatu

Mwaka 1973 Rais Jomo Kenyatta aliruhusu matatu kubeba abiria bila leseni maalumu. Biashara hiyo ikapanuka haraka, na kila gari likahitaji mtu wa kuita abiria, kupanga mizigo, kupokea nauli na kugonga bodi ili dereva aondoke. Majina ya mtu huyu yakawa mengi: kondakta, konda, makanga, utingo, manamba. Wapo wanaotofautisha, wakisema makanga ndiye anayekusanya nauli ilhali manamba ndiye anayeita watu mlangoni au stejini. Wengine huyatumia yote kwa mtu mmoja. Tanzania ana jina jingine, mpigadebe, na inafaa kukumbuka kwamba nchini Kenya kupiga debe kumehamia kwenye kampeni za wanasiasa.

Kazi ya manamba ni kutangaza namba. Njia nyingi za Nairobi hutambulishwa kwa tarakimu: 46 ni Kawangware, 58 ni Buruburu, 111 ni Ngong, na Githurai imeshikamana na 45 hata watu huyataja pamoja kana kwamba ni jina moja.

Kisha zikaja kanuni za mwaka 2003, zilizoanza kutumika Februari 2004 chini ya Waziri John Michuki. Pamoja na mikanda ya usalama na vidhibiti mwendo, kanuni hizo ziliwataka madereva na makondakta wavae sare na beji. Hapo manamba akavishwa namba tena. Safari hii lakini kulikuwa na tofauti: beji ilimtambua kama mfanyakazi mwenye kazi halali, si kama mali ya aliyemwandikisha.

Ni asili ipi iliyo sahihi?

Maelezo mawili hutolewa kuhusu maana ya Kenya. La kwanza ni kwamba neno lilirithiwa kutoka mkongeni. La pili ni kwamba lilizaliwa papo hapo stejini, kutokana na namba za njia.

Maelezo ya pili yanavutia kwa sababu kila mtu anaweza kuyathibitisha kwa masikio yake. Lakini yana udhaifu. Kiswahili kinapomtaja mtu kwa kile anachokitangaza, hupendelea kuonyesha tendo lake, kama katika mpigadebe. Neno manamba halisemi kwamba mtu huyu anaita namba. Linasema kwamba yeye ni namba. Isitoshe, dharau iliyomo ndani yake haiwezi kuelezwa na namba ya gari, kwa maana hakuna fedheha katika 46 wala 111. Dharau hiyo inaelezeka vyema tukikumbuka kibarua asiye na jina, anayelipwa kwa kazi aliyopimiwa, na ambaye kesho anaweza kubadilishwa na mwingine.

Maoni ya mwandishi wa makala haya ni kwamba mkonge ulitoa neno na steji ikalipa maisha mapya. Watumiaji walilipokea neno lenye umbo kamili, kisha wakalitafutia sababu katika mazingira yao. Wanaisimu wanakijua kisa cha aina hii: umma hulieleza upya neno ambalo asili yake imefifia. Maelezo hayo mapya nayo huwa sehemu ya historia ya neno, kwa sababu ndiyo yanayoliweka hai.

Namba katika misimu mingine

Si kila namba ni ya unyonge. Mchezaji wa kandanda "mwenye namba" ni yule asiyekosa katika kikosi cha kwanza, na kupoteza namba ni kukalishwa benchi. Nchini Tanzania, wakati wa uchaguzi mkuu wa 2015, ulivuma msemo kuisoma namba, yaani kukiona cha mtema kuni. Msemo huo hufasiriwa kwa mfano wa gari lililopitwa, ambalo dereva wake hubaki kuisoma namba ya lililomtangulia. Mwalimu anaweza kuiweka mifano hii pamoja ubaoni ili wanafunzi waone jinsi muktadha unavyoamua kama namba ni heshima, adhabu au tusi.

Neno hili katika fasihi na mtihani

Mhakiki wa fasihi hukutana na manamba na jamaa zake kila anaposoma kazi zinazohusu wafanyakazi. Adam Shafi aliipa riwaya yake ya mwaka 1979 jina Kuli, neno la kigeni la dharau, ilhali habari yake ni ya makuli wa bandari ya Unguja wanaotambua nguvu yao. Katika Kilio cha Haki (1981), Alamin Mazrui anasawiri mapambano ya wafanyakazi dhidi ya mwajiri mkandamizaji. Anayejua historia ya maneno ya kazi atazichambua kazi kama hizi kwa kina zaidi, maana ataona kwamba jina analoitwa mtu ni sehemu ya mgogoro.

Kwa upande wa isimujamii, watahiniwa wengi wanapoulizwa sifa za sajili ya matatu huorodhesha tu: kuchanganya ndimi, sentensi fupi, matumizi ya Sheng. Majibu hayo si mabaya, lakini yanahitaji kufafanuliwa na kutolewa mfano. Aidha, izingatiwe kwamba katika insha ya kawaida msimulizi atatumia kondakta au utingo. Katika mazungumzo ya wahusika wa stejini, manamba linaweza kuwa ndilo neno faafu. Kulikosoa hapo ni kumnyang'anya mhusika sauti yake.

Kuna jambo jingine ambalo mwalimu hana budi kulikumbuka. Katika madarasa yetu wamo wanafunzi ambao karo yao hulipwa na manamba. Tukilitaja neno hili kwa kicheko, au kumtisha mvivu kwamba ataishia kuwa manamba, tunamfundisha mtoto huyo kumwonea haya mzazi wake. Tukilifundisha pamoja na historia yake, atajua kwamba baba yake amelirithi jina la watu waliojenga utajiri wa nchi kwa mikono yao na hawakulipwa stahili yao.

Hitimisho

Neno manamba limetoka kwenye daftari la mwandikishaji, likapita mkongeni, likawa sitiari ya kunyonywa, kisha likapanda matatu. Njiani limebadilisha ngeli, maana na asili inayodhaniwa, lakini halijaacha kuuliza swali lile lile: je, mfanyakazi ni mtu au ni namba? Kabla ya kalamu nyekundu kulipigia mstari neno la mtaani, ni vyema mwalimu aliulize limetoka wapi.

Maswali ya marudio

1. Eleza kwa mifano jinsi kiambishi ma- kilivyoganda katika maneno manamba na matatu.
2. Linganisha maelezo mawili kuhusu asili ya neno manamba. Ni yapi yanayokushawishi zaidi, na kwa nini?
3. "Jina la kazi hubeba mtazamo wa jamii." Jadili ukirejelea kazi moja ya fasihi uliyoisoma.