Raga ya Miwa: Kenya Cup Ilivyofika Kabras

Mwaka 2016 timu ya raga ya Kabras ilitwaa Kenya Cup, kombe la ligi kuu ya raga nchini Kenya, kwa mara ya kwanza. Eneo la Magharibi, ambalo mapenzi yake ya michezo yalijulikana zaidi kwa AFC Leopards, klabu ya kandanda iliyoanzishwa 1964, likapata bingwa wa raga.

Ili kuuona uzito wa ushindi huo, tuanze mbali kidogo. Kenya Cup ilianza 1970, na kwa miaka mingi ilikuwa mali ya klabu za Nairobi: Nondescripts, iliyozaliwa 1923, Kenya Harlequin ya 1952, na Impala. Raga ilikuwa mchezo wa walowezi na shule chache za kifahari. Waliotikisa utaratibu huo mapema walikuwa wanafunzi. Mwaka 1977 Chuo Kikuu cha Nairobi kiliunda Mean Machine, na timu hiyo ikabeba kombe katika msimu wake wa kwanza. Vijana wa Kiafrika walithibitisha kwamba mchezo huu hauna mwenyewe. Hata hivyo kombe lilibaki Nairobi, hadi Nakuru walipolichukua 2013 na 2014.

Kabras ni nchi ya miwa. Ipo Malava, kaskazini mwa mji wa Kakamega, kwenye barabara iendayo Webuye. Hapo ndipo kilipo kiwanda cha West Kenya, kinachotengeneza sukari iuzwayo kwa jina la Kabras na kuidhamini timu. Jirani yake, kiwanda cha Butali, kilichagua magongo, na timu yake imewahi kuwa bingwa wa Kenya. Basi tarafa moja ya wakulima imelea mabingwa wa michezo miwili ambayo zamani ilidhaniwa ni ya watu wa mjini.

Baada ya 2016 njia haikuwa nyoofu. KCB, timu ya benki kutoka Nairobi, ilitawala 2017, 2018 na 2019, na Kabras wakaangushwa nayo fainalini zaidi ya mara moja. Msimu wa 2019/20 ulikatizwa na Korona, na 2021 KCB wakashinda tena. Kabras hawakuvunjika moyo. Waliajiri makocha kutoka Afrika Kusini, akiwamo Henley du Plessis na baadaye Carlos Katywa, wakaufanya uwanja wa maonyesho wa Kakamega kuwa ngome yao. Wakalitwaa kombe 2022, wakalitetea 2023, wakalibeba tena 2024.

Faida yake imeenea. Kijana wa Malava hahitaji tena kuhamia Nairobi ndipo acheze ligi kuu ya raga. Chuo Kikuu cha Masinde Muliro, kilichoko mjini Kakamega, nacho kimefikisha timu yake Kenya Cup. Kaunti iliyokuwa ikitoa vipaji kwa klabu za wengine sasa inacheza kwa jina lake.

Lakini historia ya sukari ina onyo. Mumias Sugar ilitwaa Kombe la Moi katika kandanda mwaka 1996 na 1999. Leo timu hiyo haipo kwenye ligi kuu, na kiwanda chenyewe kiliwekwa chini ya mrasimu 2019. Timu inayotegemea mfuko mmoja huanguka mfuko unapotoboka.

Kwa hiyo kazi iliyobaki ni ya watu wa Kakamega wenyewe. Serikali ya kaunti iutunze uwanja, shule za Malava zipewe mipira na walimu wa raga, na kumbukumbu za misimu hii, yaani picha, jezi na orodha za wachezaji, zikusanywe wakati waliocheza wangali hai kuzisimulia. Kiwanda kimewapa Kabras ubingwa. Kuudumisha ni jukumu la jamii nzima.