Rhode Island: Dini kwa Hiari, Watu kwa Mnada

Ukiunganisha Unguja na Pemba, umepata karibu nchi kavu yote ya Rhode Island. Ni jimbo dogo kuliko yote 50 ya Marekani. Kutoka kaskazini hadi kusini ni kama kilomita 77, mashariki hadi magharibi 60, na kilima chake kirefu kabisa, Jerimoth, kina mita 247 tu. Humo wanaishi watu karibu milioni 1.1, wengi wao wakiwa wamesongamana Providence, mji mkuu, na vitongoji vyake.

Ingawa linaitwa kisiwa, sehemu kubwa ya jimbo hili ni bara. Ghuba ya Narragansett imeingia ndani kutoka Atlantiki na kuipasua nchi karibu vipande viwili, ikaacha visiwa zaidi ya 30. Kikubwa kati yao ni Aquidneck, na hicho ndicho Waingereza walichokiita Rhode Island kabla jina halijaenea hadi bara. Kwa hori na rasi zake, pwani ya jimbo ina urefu wa zaidi ya kilomita 600. Newport, kwenye ncha ya Aquidneck, ina bandari yenye kina na iko hatua chache kutoka bahari kuu. Providence iko mwisho kabisa wa ghuba, maji ya chumvi yanapokutana na ya mito. Nchi ya namna hii, yenye mashamba madogo na maji mengi, haiwezi kuishi bila chombo cha baharini.

Kabla ya Waingereza, magharibi mwa ghuba palikuwa pa Wanarragansett, na mashariki pa Wawampanoag. Walilima mahindi, wakavua, wakaokota makombe yenye gamba la zambarau, ambayo waliyatengeneza shanga za thamani kubwa katika biashara na katika kufunga mapatano. Mwaka 1636 akawafikia mkimbizi. Roger Williams, mhubiri, alikuwa amehukumiwa kufukuzwa Massachusetts kwa kusema mambo mawili ambayo watawala wa huko hawakutaka kuyasikia: kwamba serikali haina mamlaka juu ya imani ya mtu, na kwamba mfalme wa Uingereza hakuwa na haki ya kugawa ardhi ya wenyeji bila ridhaa yao. Machifu Canonicus na Miantonomi wakampa Williams ardhi, naye akaita mji wake Providence. Lugha yao alijifunza vizuri kiasi cha kuiandikia kitabu kilichochapwa London mwaka 1643.

Baada yake wakaja waliokataliwa kwingine. Anne Hutchinson, mwanamke aliyethubutu kufundisha dini mbele ya wanaume, alikaa na wafuasi wake Portsmouth mwaka 1638. Newport ikafuata mwaka 1639. Wabaptisti walianzisha Providence kanisa lao la kwanza Amerika. Waquaker, waliokuwa wakinyongwa Boston, walipata hifadhi. Wayahudi wakafika Newport miaka ya 1650, na sinagogi lao lililozinduliwa mwaka 1763 lingali limesimama. Majirani wa Massachusetts waliliita koloni hilo kwa kejeli kisiwa cha wahuni. Mwaka 1663 Mfalme Charles wa Pili alilipatia koloni hati iliyosema kwamba mtu asisumbuliwe kwa tofauti ya mawazo ya dini. Hati hiyo ilitumika kama katiba hadi mwaka 1843, na kufikia hapo ilikuwa imegeuka kero, kwa kuwa wasio na ardhi hawakuwa na kura. Thomas Dorr alijaribu kuiondoa kwa nguvu mwaka 1842, akafungwa.

Hii ndiyo hadithi ambayo Rhode Island hupenda kujisimulia, na ni ya kweli. Tatizo ni kwamba imekatwa katikati. Serikali iliyokuwa dhaifu kiasi cha kutomwingilia mtu katika sala zake ilikuwa dhaifu pia kiasi cha kutomwingilia mfanyabiashara. Mwaka 1652 wajumbe wa Providence na Warwick walipitisha sheria kwamba mtumwa yeyote, mweusi au mweupe, aachiliwe baada ya miaka 10. Newport, mji wenye meli, haikuwamo katika kikao hicho, kwa sababu koloni lilikuwa limegawanyika. Sheria ikabaki kwenye karatasi.

Majaribu makubwa yalikuja mwaka 1675, Wawampanoag wakiongozwa na Metacom walipoingia vitani na Waingereza. Wanarragansett walijaribu kukaa kando. Tarehe 19 Desemba majeshi ya Massachusetts, Plymouth na Connecticut yalivamia ngome yao katika kinamasi cha kusini na kuua mamia, wengi wao wanawake, watoto na wazee. Walionusurika waliichoma Providence Machi iliyofuata. Vita vilipokwisha mwaka 1676, mateka waligawanywa kwa Waingereza wawatumikie kwa miaka kadhaa, na mzee Williams, yuleyule aliyepewa ardhi na machifu, alikuwa katika kamati iliyowauza. Wasifu mwingi wa Williams hupita hapo mbiombio.

Karne ya 18 ilileta utajiri. Molasi ilitoka visiwa vya Karibi. Viwanda vya Newport viliigeuza ramu. Ramu ilivushwa hadi pwani ya Afrika Magharibi, hasa eneo ambalo leo ni Ghana, ikanunua watu. Watu wakauzwa Karibi na kusini mwa Amerika, na molasi ikapakiwa tena. Kati ya mwaka 1709 na 1807 meli za Rhode Island zilifanya safari zaidi ya 900 za aina hiyo, zikabeba Waafrika wapatao 106,000. Hakuna koloni jingine la Amerika Kaskazini lililolikaribia. Fundi wa mapipa, mshona matanga, mwenye ng'ombe wa maziwa, karani wa bima: wote walikula humo. Kusini mwa jimbo palikuwa na mashamba makubwa ya farasi na jibini yaliyoendeshwa na watumwa, na katikati ya karne hiyo mtu mmoja kati ya kumi katika koloni alikuwa Mwafrika au wa asili ya Afrika.

Mmoja wao alikuwa Occramar Marycoo, aliyeletwa Newport akiwa kijana na kuitwa Newport Gardner, jina la mji likiunganishwa na jina la bwana wake. Alijifunza muziki, akafungua shule ya uimbaji, na mwaka 1791 alinunua uhuru wake kwa fedha alizoshinda katika bahati nasibu. Alikuwa nguzo ya chama cha Waafrika wa Newport kilichoanzishwa mwaka 1780 ili kusaidiana na kuzikana. Mwaka 1826, akiwa mzee wa karibu miaka 80, alipanda meli kwenda Liberia, akafa muda mfupi baada ya kufika.

Jimbo lilipiga marufuku biashara ya watumwa mwaka 1787, na safari zikaendelea. Mfano hai ni ndugu wawili wa Providence. John Brown alipoteza meli yake mahakamani mwaka 1797 kwa kosa la kubeba watumwa. Moses Brown, Mquaker, alikuwa miongoni mwa waliopigania mashtaka ya namna hiyo. Bristol palikuwa na James DeWolf, mkubwa wa wafanyabiashara wote wa watumwa. Mji wake ulipata ofisi yake ya forodha, na mwaka 1804 usimamizi ukapewa shemeji wa ukoo huo. Baada ya hapo, nani angekagua meli ya DeWolf? Mwaka 1821 alikwenda Washington akiwa seneta.

Hata wema wa Moses una mkia. Ni yeye aliyemgharimia Samuel Slater, Mwingereza aliyekuja na siri za mashine za kusokota nyuzi, na mwaka 1790 kiwanda kikaanza Pawtucket kwa kazi ya watoto tisa wa miaka 7 hadi 12. Huo huhesabiwa kuwa mwanzo wa mapinduzi ya viwanda Marekani. Pamba ya viwanda hivyo ililimwa na watumwa wa kusini, na viwanda vingi vya Rhode Island vilifuma kitambaa duni kilichorudishwa kusini kuwavisha watumwa haohao.

Viwanda ndivyo vilivyolijaza jimbo. Waairishi, Wakanada wasema Kifaransa wa Woonsocket, Waitaliano wa Federal Hill, Wareno: koloni la Wabaptisti likageuka kuwa jimbo lenye Wakatoliki wengi. Wakaboverde walifanya kazi gatini Providence na kujenga mtaa wa Fox Point, hadi barabara kuu na kupanda kwa kodi kulipowatawanya. Walikuja pia Waliberia waliokimbia vita, na Wakongo, baadhi yao wakiwa wasemaji wa Kiswahili.

Ukienda Newport utapelekwa kwenye makasri ya matajiri wa reli, mojawapo likiwa na vyumba 70. Hayana madhara, lakini nusu saa inayatosha. Muda uliobaki utumie kwenye makaburi ya Waafrika, ambako yapo mawe yaliyochongwa majina tangu enzi za ukoloni.

Miaka ya karibuni jimbo limeanza kujihoji kuhusu historia yake. Chuo Kikuu cha Brown, kilichobeba jina la ukoo wa akina John na Moses, kilitoa ripoti mwaka 2006 kuhusu fedha za utumwa katika msingi wake. Mwaka 2020 wapiga kura waliondoa maneno "na Mashamba ya Providence" kwenye jina rasmi la jimbo.

Kusawazisha mambo na wenyeji kumekuwa kugumu zaidi. Mwaka 1880 jimbo lilitangaza kwamba kabila la Wanarragansett limevunjwa, likauza ardhi yao iliyobaki. Walidai, na mwaka 1978 wakarudishiwa ekari kama 1,800 huko Charlestown. Serikali kuu ikawatambua rasmi mwaka 1983. Kisha wakanunua ekari nyingine 31 ili wajenge nyumba, wakaomba ziwekwe chini ya dhamana ya serikali kuu. Mwaka 2009 Mahakama ya Juu ya Marekani iliwakatalia, kwa sababu mwaka 1934, sheria husika ilipotungwa, kabila hilo halikuwa chini ya mamlaka ya serikali kuu.