Sungura, Hasara na Jua: Jina la Datsun Lilivyofika Mlima Kenya

Mlango wa banda la kuku la mjomba wangu, nje kidogo ya mji wa Runyenjes, umeandikwa DATSON. Kwa miaka mingi nilidhani ni kosa la tahajia. Kumbe mlango huo zamani ulikuwa ubao wa nyuma wa pikapu ya Datsun 1200, wenye herufi zilizogongwa kiwandani kwenye bati lenyewe. Bati lilipoanza kuliwa na kutu, fundi wa kuchomelea alipitisha kipande cha nondo juu ya ile U ili kulikaza. U ikafunga mdomo, ikawa O. Kuku hawakulalamika.

Nimeukumbuka mlango huo kwa sababu ya Safari Rally. Tangu mashindano haya yarejee kwenye ratiba ya ubingwa wa dunia mwaka 2021, kila yakikaribia redio hutuhesabia washindi wa kale, na Datsun hurudi humo kama kibwagizo: 1970, 1971, 1973, kisha 1979 na kuendelea. Watangazaji vijana hulitamka jina hilo kana kwamba ni la marehemu. Hawajakosea sana, maana Nissan ililizika mwaka 2022. Lakini hakuna anayeuliza lilizaliwaje, na uhondo wote uko hapo. Jina lina maana tatu au nne, na zote zina ukweli ndani yake.

Nimejishikiza kwa mashahidi wawili. Wa kwanza ni historia ambayo Nissan yenyewe imekuwa ikiisimulia. Wa pili ni mjomba. Kila mmoja anavutia upande wake, nami nakiri kwamba mara nyingine nimevutika.

Mwaka 1911 mhandisi Masujiro Hashimoto alifungua karakana yake jijini Tokyo akaiita Kaishinsha. Mwaka 1914 ikatoa gari dogo lililopelekwa kwenye maonyesho makubwa ya mwaka huo na kurudi na nishani ya shaba. Gari lilihitaji jina, na Hashimoto alikuwa na deni la fadhila kwa watu watatu waliomtilia fedha na kumsimamia: Kenjiro Den, Rokuro Aoyama na Meitaro Takeuchi. Akachukua herufi ya kwanza ya kila mmoja. D, A, T.

Mtu wa huku kwetu haoni ajabu. Pita Embu mjini uangalie maduka ya pembejeo na nyumba za kulala wageni zenye majina yasiyoeleweka katika lugha yoyote. Uliza, na utaambiwa ni herufi za mwanzo za watoto wa mwenye mali. Na tangu jadi kwa Waembu kumpa mtoto jina ni kulipa deni: kifungua mimba wa kiume huitwa kwa babu yake mzaa baba, wala baba hana nafasi ya kuchagua. Hashimoto alifanya lile lile, ila babu zake walikuwa wenye fedha. Huyo T wa mwisho, Takeuchi, ndiye pia aliyeanzisha Komatsu, kampuni ambayo matingatinga yake ya manjano unakutana nayo penye barabara inayochimbwa.

Maana ya pili ni ya mnyama. Katika Kijapani, datto ni sungura anayechomoka mbio, na hivyo ndivyo jina la gari lilivyoandikwa kwa maandishi ya kwao. Haikuishia kwenye maandishi. Mwaka 1935 boneti la Datsun lilibeba kinyago cha sungura akiruka, kilichobuniwa na mchoraji wao Ryuichi Tomiya. Sisi tuliolelewa kwa hadithi za sungura akimlaghai simba na kumtegea fisi tunaweza kumdai Datsun kuwa ndugu, japo kwa tofauti moja: Mjapani alimpendea sungura miguu, sisi tulimpendea akili. Magari yenyewe, ukiniuliza mimi niliyeyasukuma matopeni nikiwa mtoto, yalikuwa na kidogo ya kila kimoja.

Sasa tuje kwenye ugomvi wa herufi moja.

Mwaka 1930 serikali ya Japani iliruhusu magari yenye injini isiyozidi sentimita za ujazo 500 kuendeshwa bila leseni. Kampuni, ambayo wakati huo ilikuwa imeungana na nyingine ya Osaka, ikaunda kijigari cha kuingia kwenye mlango huo. Kwa kuwa kilikuwa mtoto wa DAT, wakakipa neno la Kiingereza la mwana wa kiume, son. Datson. Jina lililo kwenye banda la kuku la mjomba, yaani, ndilo jina sahihi la mwaka 1931. Fundi wa kuchomelea alirudisha miaka nyuma bila kujua.

Tatizo ni kwamba son, ikitamkwa na Mjapani, ni hasara. Hasara ile ile ya mfanyabiashara, ya kutoa zaidi ya unachopata. Hebu fikiria umepeleka mkokoteni sokoni Gakoromone pale Meru, umeuandika ubavuni kwa rangi nyekundu: HASARA. Nani atanunua kwako viazi, achilia mbali mkokoteni? Mwaka 1932 wakaing'oa ile O, wakaweka U. Datson ikawa Datsun, na hasara ikageuka jua, lile la Kiingereza ambalo pia ndilo duara jekundu katika bendera ya Japani.

Hapa mashahidi wangu wanatofautiana. Historia ya kampuni inataja mambo yote mawili, kuikimbia hasara na kulienzi jua, na haioni haja ya kupima lipi lilitangulia. Mjomba hataki kusikia habari ya hasara. Kwake Datsun ni jua, basi, na kama ni hasara ingemsomesha vipi yeye na dada zake wanne? Nimejaribu kumweleza kwamba lugha ni ya Wajapani, si yetu. Akaniuliza iwapo Wajapani waliwahi kulipa karo Runyenjes. Mimi naamini hasara ndiyo iliyosukuma na jua ndilo lililopamba: mfanyabiashara hubadilisha kibao kwa kuogopa kwanza, kisha hutafuta maelezo matamu. Lakini sina moyo wa kubishana tena.

Kuhusu Nissan yenyewe hakuna shairi. Yoshisuke Aikawa alikuwa na kampuni kubwa iliyoitwa Nihon Sangyo, yaani Viwanda vya Japani. Wauza hisa wa Tokyo wakaifupisha kuwa Nissan, na mwaka 1934 kampuni ya magari ikabeba ufupisho huo. Nissan likawa jina la kampuni, Datsun likabaki jina la gari.

Afrika Mashariki ililipokea jina hilo kwa tope. Datsun walijaribu Safari mwaka 1963, ule mwaka wa kutisha ambao magari saba tu yalimaliza kati ya 84 yaliyoanza, na la kwao halikuwa kati ya hayo saba. Mwaka 1966 wakapata ushindi wa daraja lao. Mwaka 1969 Wajapani walikuwa na filamu nzima kuhusu Safari, nyota wao Yujiro Ishihara akiwa usukani. Na 1970 Edgar Herrmann, Mjerumani mkazi wa Kenya, akashinda mashindano kwa Datsun 1600 SSS, akarudia mwaka uliofuata kwa 240Z.

Mashindano ya siku hizo hayakuwa ya kuzungushwa ndani ya mashamba ya Naivasha kama leo. Yalikuwa ya Pasaka, yaani ya masika, na njia yake ilizunguka Mlima Kenya ikipita Embu, Chuka na Meru kabla ya kushuka Nanyuki. Mtu aliyezoea lami ya sasa hawezi kujua barabara hiyo ilivyokuwa: kona juu ya kona, kila kona ikiteremka mtoni na kupanda tena, Ena, Thuchi, Nithi, Mutonga, na udongo mwekundu ambao mvua ikiunyea hugeuka sabuni. Mjomba alikuwa mvulana wa shule ya msingi. Anasema mwaka mmoja, haukumbuki ni upi, walikaa juu ya ukingo usiku kucha wamejifunika magunia ya kahawa, na magari yalipopita alfajiri yote yalikuwa ya rangi moja, rangi ya tope. Waliyatambua kwa sauti. Datsun, anasema, ililia kama cherehani.

Kilele kilikuwa Pasaka ya 1973. Shekhar Mehta alikuwa kijana wa Kihindi aliyezaliwa Uganda, na mwaka mmoja nyuma Idi Amin alikuwa amewafukuza watu wa jamii yake. Alishindana kwa Datsun 240Z akiwa na Lofty Drews. Harry Källström wa Sweden alikuwa na Datsun pia, ile ya 1800 SSS. Baada ya maelfu ya kilomita za matope, vumbi na mito, wote wawili walifika wakiwa na pointi za adhabu sawa kabisa. Sawasawa. Hakuna mkwaju wa penalti katika mbio za magari, kwa hiyo wasimamizi walirudi kwenye kanuni: aliyekwenda mbali zaidi kabla ya kupoteza pointi yake ya kwanza ndiye mshindi. Akawa Mehta. Kanuni ilikuwepo na ilifuatwa, lakini nimekutana na wazee, wengine Nkubu na wengine Embu, ambao bado wanaipinga wakiwa na hasira mbichi, kana kwamba rufaa itasikilizwa Jumatatu. Jambo ambalo hakuna aliyelipinga ni gari. Wa kwanza Datsun, wa pili Datsun.

Tangazo gani lingezidi hilo? Na bahati ikaja na fedha zake. Julai 1975 baridi ya kuganda iliunguza mikahawa ya Brazili, na kufikia 1976 na 1977 bei ya kahawa duniani ilikuwa imepaa. Miteremko ya Embu na Meru, ambako wakulima walikuwa wamezoea kulipwa kwa kubembeleza, ililipwa vizuri kwa mara moja. Watu walijenga nyumba za mawe, walipeleka watoto shule za bweni, na waliobaki na kitu walinunua gari. Peugeot 404 na 504 zilikuwa za wenye kifua. Datsun 1200 ilikuwa ya mkulima: ndogo, nyepesi, kabureta lake hufunguliwa na fundi yeyote mwenye spana mbili. Babu aliinunua yake mwaka 1977. Ilibeba buni hadi kiwandani, ikabeba maharusi, ikabeba jeneza la babu mwenyewe, na uzeeni ikabeba muguka kutoka Mbeere hadi sakafu ilipotoboka.

Kisha wenye jina wakaliua. Mwaka 1981 Nissan ilitangaza kwamba Datsun litaondolewa na magari yote yataitwa Nissan, na kufikia 1986 kazi ilikuwa imekwisha. Sababu zao zilikuwa za ofisini: kampuni moja, jina moja. Ubaya wa uamuzi huo unaonekana vizuri zaidi katika orodha ya Safari. Mehta alishinda mara nne mfululizo, kuanzia 1979 hadi 1982, na kwa ushindi ule wa 1973 zikawa tano, rekodi ambayo haijavunjwa. Mara tatu za mwanzo katika zile nne zimeandikwa Datsun. Ya nne, ambayo alimwacha nyuma Walter Röhrl wa Opel, imeandikwa Nissan Violet. Dereva ni yule yule na barabara ni zile zile. Ni kama kumbadilishia mtu jina akiwa kwenye jukwaa anapokea kikombe.

Walilifufua baadaye. Carlos Ghosn alilitangaza tena mwaka 2012, na safari hii D, A na T zikapewa maneno ya Kiingereza ya ndoto, ufikiaji na uaminifu, jambo ambalo Den, Aoyama na Takeuchi wangelistaajabia. Zikauzwa India, Indonesia, Urusi na Afrika Kusini. Kenya hatukuziona. Miaka kumi baadaye zikazimwa tena.

Nimepita barabara yote ya Embu hadi Meru nikitafuta alama yoyote ya miaka ile. Sijaona hata kibao. Naivasha ina hoteli zilizojaa, ina mabango. Huku kwetu, ambako magari hayo yalipata jina, zilizosalia zinauzwa kwa kilo kwa wanunuzi wa vyuma kuukuu. Mmoja alisimama kwa mjomba mwaka jana akiwa na mizani yake ya kuning'iniza. Alichukua ekseli, rimu mbili na boneti. Alipoushika mlango wa banda, mjomba alimwambia auache, kuku watalala wapi.

Siku ile nilipanda gari la kurudi pale stendi ya Embu. Utingo alikuwa akipiga mwili wa gari kwa kiganja, akiita, nissan ya Meru, nissan ya Meru, watu wawili twende. Jina lililoletwa kumrithi Datsun limekuwa nomino ya kawaida. Kwetu nissan ni matatu yoyote ya abiria 14. Nikaingia, nikakaa nyuma ya dereva. Katikati ya usukani palikuwa na nembo ya Toyota.