Elimu ya Dawa na Mtihani wa Tabibu: Kilosa na Mikumi

Katika wilaya ya Kilosa, ambayo mji wa Mikumi ni sehemu yake, mgonjwa wa kijijini hupokewa kwanza na tabibu wa zahanati, wala si daktari mwenye shahada; kwa sababu hiyo historia ya famakolojia, yaani elimu ya dawa na utendaji wake mwilini, imefungamana huku na mafunzo ya kada hiyo. Mizizi ya mafunzo hayo ni miaka ya 1920, wakati utawala wa Waingereza ulipoanza kuwafundisha vijana wa vijijini kufunga vidonda na kutoa dawa chache. Baada ya Azimio la Arusha la 1967, serikali ilielekeza nguvu kwenye zahanati na vituo vya afya, na mahitaji ya waganga wasaidizi, ambao baadaye waliitwa matabibu, yakaongezeka. Kilosa ina chuo cha serikali kinachoandaa kada hiyo.

Mwaka 1977 Shirika la Afya Duniani lilitoa orodha ya kwanza ya dawa muhimu, na kuanzia 1983 zahanati za Tanzania zilipelekewa maboksi ya dawa yaliyopangwa kwa msingi huo. Aliyejiandaa kwa mtihani wa utabibu alipaswa kuzijua barabara dawa ambazo angezikuta kazini.

Malaria inaonyesha ugumu wa somo hili. Kwa miaka mingi mtu mzima aliandikiwa vidonge 10 vya klorokwini: vinne, vinne, kisha viwili, kwa siku tatu. Vimelea vilipojenga usugu, yaani uwezo wa kuihimili dawa, mwaka 2001 SP, yaani mchanganyiko wa sulfadoksini na pirimethamini, ilichukua nafasi ya klorokwini, vidonge vitatu kwa mkupuo mmoja. Mwishoni mwa 2006 ikaja dawa mseto, ALU, yaani artemetha na lumefantrini, vidonge vinne mara mbili kwa siku kwa siku tatu, jumla 24, vikimezwa pamoja na chakula chenye mafuta ili vifyonzwe vizuri.

Leo mhitimu wa stashahada ya utabibu ya miaka mitatu hana budi kutambuliwa na Baraza la Madaktari Tanganyika kabla ya kutibu. Hata hivyo, kufaulu na kutambuliwa pekee hakutoshi: kati ya 2001 na 2006, ndani ya miaka isiyozidi sita, tiba ya kwanza ya malaria ilibadilika mara mbili. Aliyekariri dozi ili afaulu tu alibaki na jibu la mwaka wa mtihani wake, ilhali aliyeelewa kwa nini dawa hufanya kazi, na kwa nini huacha kufanya kazi, aliweza kuendelea kuwatibu watu wa Kilosa na Mikumi kwa usalama.