Somo la Historia: Cheti na Daftari

Leo tutajifunza kwa nini kijana anayeomba kazi ya Serikali hudaiwa hati nyingi, na kwa nini hati hizo huchunguzwa.

Zamani vijijini kwetu mtu alijulikana kwa ukoo wake. Mzee alisema, "Huyu ni mtoto wa fulani," na neno lake likatosha. Wakoloni walipoleta kazi za ukarani na ualimu, neno la mzee halikutosha tena. Cheti cha shule kikawa shahidi.

Mfikirini Kambarage Nyerere wa Butiama. Alianza shule ya Mwisenge, Musoma, mwaka 1934. Mwaka 1943 alibatizwa, akapewa jina la Julius. Mtu ni yule yule, majina ni mawili. Wengi wetu tuko hivyo. Likumbukeni jambo hili, tutalirudia.

Je, shahidi huyu, cheti, naye ana shahidi wake? Anaye: ni daftari la mitihani. Kwa miaka mingi mtihani wa sekondari ulitoka Cambridge, Uingereza. Baadaye ukasimamiwa na Baraza la Mitihani la Afrika Mashariki. Tanzania ilijitoa humo mwaka 1971, na mwaka 1973 ikatunga sheria ya kuunda Baraza lake la Mitihani. Kila mtahiniwa ana namba yake katika daftari la Baraza. Mtu aweza kughushi karatasi iliyo mkononi mwake, lakini daftari halimo mkononi mwake.

Nguvu ya daftari ilionekana mwaka 2017. Serikali ililinganisha vyeti vya watumishi wake na kumbukumbu za Baraza. Tarehe 28 Aprili, huko Dodoma, Rais John Magufuli alipokea taarifa kwamba watumishi 9,932 walikuwa na vyeti vya kughushi. Tena vyeti 1,538 vilitumiwa na zaidi ya mtu mmoja. Walioghushi wakatolewa kazini. Ilikuwa siku ngumu kwa jamaa zao. Lakini mfikirini pia yule aliyesoma kwa haki akakosa nafasi, na mgonjwa aliyetibiwa na mtu asiyejifunza kutibu.

Wako wengine walioondolewa ambao hawakughushi chochote. Walikuwa wamesoma mpaka darasa la saba tu. Sharti la kuwa na elimu ya kidato cha nne lilianza tarehe 20 Mei, 2004, na wao waliajiriwa kabla ya siku hiyo. Mwaka 2018 Serikali iliagiza warudishwe kazini. Kilichowaokoa ni tarehe ya kuajiriwa kwao. Basi, ndugu zangu, msichomee moto barua za zamani. Karatasi moja yenye tarehe yaweza kuwa ngao yako.

Leo Sekretarieti ya Ajira katika Utumishi wa Umma inapomwita mtu kwenye usaili, humtaka aje na kitambulisho na vyeti halisi: cha kuzaliwa, cha kidato cha nne, cha sita kama alifika, na cha chuo. Karatasi ya matokeo ya muda haikubaliwi. Aliyesoma nchi za nje sharti vyeti vyake vithibitishwe kwanza na mamlaka za elimu za hapa nchini.

Na sasa turudi kwenye majina. Kama cheti cha shule chasema Kambarage na kitambulisho chasema Julius, msaili atajuaje kwamba ni mtu mmoja? Mwenye majina yanayotofautiana hutakiwa kuleta hati ya kisheria ya kuyathibitisha. Usingoje siku ya usaili. Leo hii chukua vyeti vya mwanao, vilaze mezani, soma jina herufi kwa herufi. Wewe uliyejifunza kusoma sasa unaweza kuifanya kazi hiyo mwenyewe.

Maswali ya kujadiliana:

1. Kwa nini neno la mzee halikutosha tena?
2. Cheti na daftari vina tofauti gani?
3. Kwa nini watumishi wa darasa la saba walirudishwa kazini?
4. Je, jina lako limeandikwa namna moja katika hati zako zote?

Kwaherini, tuonane katika somo lijalo.