Kambi Zenye Majina ya Nyumbani

Juzi maji yalikatika mtaani kwetu siku tatu. Nililalamika kama mtoto. Halafu nikawakumbuka watu ambao wengi wao wameletewa maji kwa malori tangu kabla sijazaliwa.

Nawazungumzia Wasahrawi, wenyeji wa Sahara Magharibi, koloni la zamani la Hispania. Oktoba 1975 Mahakama ya Kimataifa ya Haki ilisema haikuona sababu ya kuwanyima haki ya kujiamulia mambo yao. Mwezi uliofuata Moroko ikavusha mpakani raia wapatao 350,000. Vita vikapamba moto, na maelfu wakakimbilia karibu na Tindouf, Algeria, kwenye jangwa la mawe ambako joto la kiangazi hukaribia nyuzi 50.

Wanaume wengi walikuwa vitani. Wanawake ndio waliosimamisha mahema, wakafyatua matofali ya udongo, wakaanzisha shule na zahanati.

Kinachonigusa zaidi ni majina. Kambi ziliitwa Smara, Auserd, Dakhla, Laayoune: majina ya miji waliyoiacha. Dakhla yenyewe iko kando ya Bahari ya Atlantiki. Dakhla ya kambini imezungukwa na mchanga. Mtoto aliyezaliwa pale anasema anatoka Dakhla, na bahari hajawahi kuiona.

Oktoba 2015 mvua kubwa iliyeyusha maelfu ya nyumba za udongo. Watu wakafyatua tena. Baadaye mhandisi kijana, mzaliwa wa kambini, akajenga nyumba za duara kwa chupa za plastiki zilizojazwa mchanga. Takataka na mchanga ndivyo vitu ambavyo kambi haikosi!

Mwaka 1991 silaha zilinyamaza, wakaahidiwa kura ya maoni chini ya Umoja wa Mataifa. Haijapigwa hadi leo. Novemba 2020 risasi zikaanza tena.

Tanzania iliitambua jamhuri yao mwaka 1978. Lakini ndugu zangu, sisi vijana tuliosoma tunajua nini juu yao? Sijitoi. Pale kazini habari zao hupata mistari minne ukurasa wa kimataifa, tena nafasi ikibaki, na mimi mwenyewe nimeshawahi kuikata ili tangazo lipate kukaa.

Wao wameyatunza majina ya miji yao karibu miaka hamsini. Nasi tunashindwa kutunza mistari minne?